Mgongo wa Mkeka wa Saba

Leo ilikuwa leo kwa mara ya mia na kumi na moja, na Mize aliamka na njaa.

Tuanzie kwenye njaa, maana watu wakizungumza habari za wakati hupenda kuanzia juu, kwenye jua na nyota, wakapotelea huko huko. Njaa iko chini, iko karibu, na haidanganyiki. Mkuu wa Siku alikuwa ametoa amri kwamba kesho isije, na kesho ikatii, au tuseme watu walitii kwa niaba yake. Lakini tumbo lililokula leo lilirudi kudai leo hiyo hiyo. Mize akalijibu kwa kipande cha muhogo wa kuchemsha, akakaa kizingitini akitafuna taratibu. Alikuwa na miaka hamsini na miwili. Kwa amri ya Mkuu alikuwa bado na hamsini na miwili, lakini magoti yake hayakuwa yameletewa habari hizo.

Katika nchi ile mwaka ulisukwa. Kila siku ilikuwa ukili mmoja, mkanda uliosukwa kwa miyaa ya mkindu, mwembamba wa vidole viwili, uliotiwa rangi yake na kushonwa ubavuni mwa ukili wa siku iliyotangulia. Miezi ilikuwa kumi na mitatu, kila mwezi siku ishirini na nane, na kili mia tatu na sitini na nne zilipotimia, mkeka ulitimia na mwaka nao. Mkeka huo ulitandikwa ndani ya Ukumbi, na kigoda cha Mkuu kiliwekwa juu ya ukili wa leo. Kila asubuhi wapambe wanne walikinyanyua wakakisogeza vidole viwili mbele. Ndivyo nchi ile ilivyotawaliwa, na mtu anayesogezwa. Mkuu alipewa mikeka saba. Kigoda kilipofika ukingoni mwa mkeka wa saba hapakuwa na pa kukiweka tena ila sakafuni, na mtu aliyekalia kigoda sakafuni ni jirani kama majirani wengine. Aliinuka, akaenda kwake, akaitwa mwingine. Hata Ukumbi ulijengwa kwa kipimo hicho, kili mia tatu na sitini na nne kutoka ukuta wa nyuma hadi mlangoni, hakuna hata moja ya ziada.

Huo ni uso wa mkeka, na kila mtu aliujua. Lakini mkeka una mgongo. Kati ya ukili na ukili pana mshono, na mshono ndio uliokuwa usiku. Jua likizama Mize alitia uzi kwenye sindano ya mfupa, akaunganisha ukili wa kesho na wa leo, na mwisho wa mshono akapiga mafundo: moja kwa usiku wa kwanza wa mwezi, mawili kwa usiku wa pili, hadi ishirini na nane, kisha akaanza upya. Mafundo yalikaa upande wa chini yasije yakachoma makalio ya watu wakubwa. Juu palikuwa na rangi za mchana, chini palikuwa na idadi ya usiku. Na sheria ya mkeka ilikuwa moja tu. Mkeka wenye kigoda juu yake haugeuzwi, ila kwa kauli ya anayekikalia.

Mize alikuwa akiingoja kauli hiyo. Aliingoja bila papara, kama mtu aliyebandika maharage, anayejua kuwa yataiva na kuwa kuyafunuafunua hakuyaharakishi.

*

Siku ni nini? (Hili alijiuliza kila asubuhi, akitafuna.) Ni jua kutoka na kuingia? Basi kuku naye ana kalenda. Ni jina tunaloipa? Basi Mkuu ana haki, jina lilelile, siku ileile. Ni kazi iliyofanyika ndani yake? Nimesuka kili mia na kumi za manjano tangu siku ile. Mikono yangu imechubuka mara mia na kumi. Kama siku ni moja, mbona michubuko ni mingi?

Mtu hawezi kuchubuka mara mia na kumi kwa siku moja. Hapo Mize alisimama, kwa kujua kwamba hapo pana sakafu ngumu, na wenye kutaka kuchimba zaidi wachimbe.

*

Turudi kwenye leo ya kwanza, ile ya kweli. Ilikuwa siku ya mwisho ya mkeka wa saba. Ukili wa siku ya mwisho huwa wa manjano mwaka baada ya mwaka, na kigoda kilikuwa kimewekwa juu yake, mlangoni kabisa mwa Ukumbi. Watu walijaa uwanjani kumwona Mkuu akishuka. Nyuma ya Ukumbi, kwenye mafiga, Vuai alikuwa kazini.

Vuai alikuwa mdogo wake Mize, mtia rangi. Yeye alichemsha, dada yake akasuka. Waliachiwa kazi hiyo na mama yao na hawakuwahi kuulizana kama wanaipenda. Rangi ya kesho hutiwa leo, na siku ile Vuai alikuwa na chungu kilicho kigumu kuliko vyote, rangi ya siku ya kwanza ya mkeka mpya, ambayo haikupangwa na sheria yoyote. Huachiwa mtia rangi, naye haitangazi mpaka itoke. Vuai alipima muda wa kuzamisha miyaa kwa mluzi. Alikuwa na wimbo wake mmoja, ukianza anazamisha, ukiisha anatoa. Ukikatisha wimbo rangi inafifia, ukiuvuta inaungua. Kwa hiyo Mkuu alipoinuka pale mlangoni kusema neno la kushuka, kimya kimetanda, mluzi ukasikika kutoka nyuma ya Ukumbi, umetulia, haujali lolote.

Mkuu hakushuka. Aliketi tena, akasema, "Ukili wa kesho uwe wa leo. Na wa kesho kutwa uwe wa leo. Mpaka niseme."

Watu walitazamana. Ilikuwa amri ndogo, ya maneno machache, na haikumtoa mtu damu. Labda ndiyo sababu hakuna aliyejua apige kelele wapi. Mize peke yake ndiye aliyeuliza swali, akiwa ameshika sindano.

"Na uzi, Mkuu?"

"Uzi una nini?"

"Nauliza tu. Ukili nimeusikia. Na uzi je?"

Mkuu akacheka, na wapambe wakacheka naye. "Bi Mize, mambo ya sindano mimi siyajui. Uzi ni kazi yako, endelea nayo kama unavyoijua."

"Nimesikia, Mkuu," Mize akasema. Akageuka kuwatazama waliosimama karibu, mmoja mmoja, ahakikishe nao wamesikia.

Mluzi ulikuwa bado unaendelea. Mtu anayefuta kesho hawezi kuvumilia mtu anayeipigia mluzi. Walimfuata Vuai kwenye mafiga, wakamwaga chungu, wakampiga kibao kilichomng'oa jino la mbele. Rangi ikanywewa na mchanga kabla hajaiona mtu. Kifungo chake kilikuwa usiku mia moja, kwa kuwa vifungo vya nchi ile huhesabiwa kwa usiku. Mchana mfungwa huchota maji ya mji na mji haupendi kuamini kwamba unamfunga mtu anayeuchotea maji.

*

Gereza lilikuwa nyumba ya mawe yenye mlango mmoja, na mlango ulikuwa wa Bwana Ngwali. Ngwali hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa sheria, ambayo ni maradhi tofauti kabisa.

"Hujambo, dada Mize."

"Sijambo. Leo ni muhogo na samaki mkavu."

Ngwali akainua kawa iliyofunika chakula, akachungulia, akafunika tena kwa heshima.

"Bwana Ngwali, kifungo chake ni usiku mia moja."

"Mia moja, ndiyo. Nilikuwepo."

"Wewe umelala mara ngapi tangu siku ile?"

"Mimi? Nimelala sana." Alikuna kidevu. "Lakini usingizi wangu si sheria, dada. Usiku uko mgongoni mwa mkeka. Nioneshe mafundo ya usiku mia moja, nitamtoa mwenyewe, tena nitambebea na virago. Bila mafundo siwezi. Na mgongo siuoni, kigoda kiko juu yake."

"Utauona."

"Kila siku unaniambia hivyo."

"Kila siku ni siku moja, Bwana Ngwali. Kwa hiyo nimekwambia mara moja tu."

Ngwali alicheka mpaka funguo zikalia kiunoni. Kisha akakatisha kicheko, kama mtu aliyekanyaga penye shimo. Naye alikuwa na hesabu zake zilizokwama. Harusi ya binti yake ilikuwa kesho, na binti alikuwa amepakwa hina mara mia na kumi na moja. Sasa mikono yake ilikuwa myeusi hadi viwikoni na bwana harusi alikuwa ameanza kumwogopa.

Sauti ya Vuai, aliyekuwa hajatolewa kwenda kuchota maji, ikatoka ndani, nyuma ya mlango. "Dada! Manjano ya leo ikoje?"

"Imefifia. Bizari inaisha, na nyingine huvunwa mwezi ujao."

"Basi ndiyo haitavunwa. Lakini pia unaitoa mapema. Nenda nayo mpaka mwisho wa wimbo."

"Mie sijui kupiga mluzi, Vuai."

"Nami sijui tena," akasema, na pengo lilisikika katika kila neno. Ilikuwa mara ya kwanza kusema hivyo. Mize alisimama pale mlangoni, kawa mkononi, na moyo ukamuuma kwelikweli. Hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba wimbo unaweza kwenda na jino. Alikuwa amehesabu usiku wote, akawa na uhakika wa kila fundo, na hakuwa amehesabu hilo.

"Leo utatoka," akasema.

"Leo ipi?"

"Hii hii."

*

Njiani kuelekea Ukumbini alimkuta Raya, jirani yake, ameketi juu ya kinu kilichopinduliwa, mtoto mapajani. Mtoto huyo alizaliwa jioni ya leo ya kwanza. Kwa amri alikuwa amezaliwa leo. Alikuwa na meno mawili.

"Bi Mize, hebu nitazame," Raya akasema. "Nimeshazaa, au naenda kuzaa?"

"Umeshazaa, mwanangu. Huyo hapo anakung'ata."

"Mume wangu kila asubuhi anaingia na uji wa mzazi. Kila asubuhi ananiuliza tumpe jina gani. Tulishampa! Naona kama namwambia, na naona kama sijamwambia. Wakati mwingine naamka nikiwa mimba yangu mwenyewe." Alicheka kidogo, machozi yakimtoka. "Mtu akiniuliza mtoto ana umri gani, nimjibu nini?"

Mize aliweka kiganja juu ya kichwa cha mtoto. Utosi ulikuwa umeanza kufunga. Mifupa ile haikuwa imesikia amri. Ilikuwa ikifanya kazi yake gizani, ikisogeleana kidogo kidogo, ikishona.

"Njoo uwanjani," akamwambia. "Njoo naye."

Mji wote ulikuwa hivyo. Palikuwa na mtu aliyekuwa asafiri kesho. Alikaa mlangoni na mfuko wake mpaka akasahau safari ilikuwa ya wapi, akabaki msafiri tu, bila upande. Palikuwa na nyumba ya msiba ambako matanga hayakuweza kuanuliwa kwa kuwa siku ya tatu haikufika, na waliaji walikuwa wameanza kulia kwa zamu. Hakuna aliyekatazwa chochote. Walikatazwa kitu kimoja tu, na vingine vyote vilikuwa vikining'inia kwenye hicho.

*

Ndani ya Ukumbi, Mkuu alikuwa akijikuna.

Kuna jambo la kueleza hapa. Kili za manjano zilipozidi, mkeka ulitoka nje ya mlango. Kigoda kilisogezwa hadi barazani, na ilipofika leo ya sitini kilikuwa ukingoni mwa baraza, mvua ikimpiga Mkuu magotini. Wapambe walihangaika. Mize ndiye aliyewapa shauri, kwa upole, kwamba mkeka unaweza kukunjiwa chini upande wa nyuma, pale ukutani, ukavutwa ndani wote. Wakashukuru, wakaukunja. Ukuta huo ulikuwa ukivuja. Miyaa iliyokunjwa penye unyevu, ikalaliwa na miyaa mingine, haikosi wageni, na kila msukaji mikeka anajua hivyo tangu utoto. Mize hakupanda kunguni hata mmoja. Alitoa shauri, basi.

"Bi Mize!" Mkuu alisema alipomwona. Alikuwa amekonda, nywele zimemwota mvi pembeni, na mvi hizo, kwa amri yake mwenyewe, zilikuwa zimeota siku moja. "Mkeka wako unaniuma."

"Wangu, Mkuu?"

"Una kunguni! Silali. Nakaa, wananila. Nasimama, nawahisi bado. Nitazame shingo!"

Mize alimtazama shingo. Ilikuwa imevimba vibaya, na kwa muda mfupi alimhurumia. Huruma hiyo haikumpunguzia kitu. Aliiacha ipite, akaendelea.

"Mkuu, dawa ya kunguni wa mkeka ni jua," akasema. "Hakuna nyingine. Huanikwa uwanjani, saa za mchana mkali, mpaka miyaa ilie."

"Basi anikeni."

"Kunguni hukaa kwenye mishono, Mkuu, upande wa chini. Ukianikwa uso juu ni kazi bure."

"Basi geuzeni!" Mkuu alipiga kelele, kucha zikiwa shingoni. "Nimesema geuzeni! Mnangoja nini?"

Wapambe walimtazama Mize. Mize alipiga goti kidogo, kama ilivyostahili.

"Nimesikia, Mkuu," akasema, akageuka kuwatazama waliosimama karibu, mmoja mmoja.

*

Watu thelathini walibeba mkeka. Ulitoka mlangoni ukiwa mzito kwa unyevu, mwaka mzima mabegani mwa watu: mwezi wa samawati, mwezi wa kutu, mwezi wa majani mabichi, na nyuma yake ile manjano ndefu, iliyokolea mwanzoni ikazidi kupauka, ukili kwa ukili, hadi mwisho ilikuwa karibu nyeupe. Waliokuwa wakiubeba waliona kupauka huko kwa mara ya kwanza, kwa kuwa kila siku walikuwa wameona ukili mmoja tu. Kisha Mize akasema, "Haya, pindueni," wakaupindua, ukaanguka chini kwa kishindo na vumbi, mgongo juu.

Kunguni wakakimbia pande zote na watoto wakaanza kuwakanyaga. Wakubwa hawakuwakanyaga. Walikuwa wakitazama mafundo.

Ngwali alikuja na funguo zake. Hakuharakisha. Alianza mahali ambapo mwaka uliishia, kwenye mshono wenye mafundo ishirini na nane, usiku wa leo ya kwanza, akaupiga alama kwa kidole cha mguu. Kisha akasogea. Fundo moja. Mafundo mawili. Matatu. Alipiga magoti, akawa anatambaa juu ya mkeka, akigusa kila mshono, midomo ikitikisika. Mwezi mzima ukapita chini ya magoti yake. Akaanza wa pili, akaumaliza. Akaanza wa tatu, akaumaliza. Uwanja mzima ulikuwa ukimfuata kwa macho. Alipofika mshono wa mwisho, wenye mafundo ishirini na tano, uzi wake ukiwa bado mweupe wa jana, aliketi akapangusa jasho.

"Usiku mia na kumi," akasema.

Aliwageukia watu, kisha akamgeukia Mize, na uso wake ulikuwa na hofu, kwa sababu mtu wa sheria huona haya kuliko watu wote akigundua kwamba ameivunja.

"Nimemzidishia usiku kumi, dada."

"Nenda basi," Mize akasema. "Usimzidishie na mchana."

Ngwali akaondoka mbio. Hakuna mtu katika mji ule aliyewahi kumwona Ngwali akikimbia.

Mkuu alikuwa amesimama mlangoni mwa Ukumbi. Kigoda kilikuwa nyuma yake, juu ya sakafu tupu, kwani mkeka ulikuwa umetolewa chini yake kwa kauli yake mwenyewe. Alikitazama. Akamtazama Mize.

"Ulijua," akasema.

"Nilishona, Mkuu. Uliniambia niendelee na uzi kama ninavyoujua. Nimeendelea."

"Usiku haukusimama?"

"Haukuambiwa."

Alishuka ngazi moja, akasita. Ghafla alionekana mtu wa kawaida kabisa, wa kuweza kukutana naye kisimani. "Niliogopa," akasema kwa sauti ya chini. "Nilipoketi kwenye ukili wa kwanza niliacha jina langu. Miaka saba naitwa Mkuu. Nikatazama chini ya ule ukingo, nikaona sijui atakayeshuka ni nani. Nikasema nikae leo moja tu nimkumbuke. Sikumkumbuka. Nikaongeza nyingine."

Mize angeweza kunyamaza. Majina ya wakuu husukwa ndani ya ukili wa kwanza wa mkeka wa kwanza, kwa miyaa iliyogeuzwa, na msukaji peke yake ndiye anayeweza kuyasoma. Alifikiria jino la Vuai. Alifikiria kwa muda ambao ulitosha kumfanya yule mtu ainame.

"Unaitwa Shaame," akasema. "Ulikuwa ukichonga miko, pale karibu na kisima. Mama yangu alikuwa na mwiko wako, haujapinda mpaka leo. Shuka, Shaame. Ngazi ni mbili tu."

Akashuka. Hakutokea kitu. Alisimama vumbini katikati ya watu, akijikuna, na mtu aliyekuwa karibu naye akajisogeza kidogo, si kwa heshima, ni kwa sababu ya kunguni.

*

Mize alichukua kisu. Watu walidhani atazikata kili zile za manjano azitupe, na wengine wakaanza kupiga kelele azitupe, azichome, zisionekane tena.

"Hazitupwi," akasema. "Ndani ya hizi Raya amenyonyesha. Ndani ya hizi kuna watu wamelia na kuna watu wamelala. Mkinitupia siku mia na kumi, mtamweka wapi mtoto huyu?"

Akakata pale mwaka ulipoishia. Mkeka wa saba ukawa mkeka wa saba, kili mia tatu na sitini na nne, umetimia. Kile kipande cha manjano alikiweka kando, akakinyoosha kwa viganja vyake vilivyochubuka. Kilikuwa mwanzo wa mkeka mpya, mwanzo mbaya, uliopauka, wa rangi moja. Lakini ulikuwa umeshonwa vizuri.

"Kwa hiyo leo ni tarehe ngapi?" Raya akauliza.

"Ishirini na sita, mwezi wa nne."

Raya akamwinua mtoto juu ya kichwa chake. "Ana miezi mitatu!" akapiga kelele, akimwambia mumewe, akiwaambia watu wote. "Mwanangu ana miezi mitatu, na siku ishirini na sita!"

Vuai alitokea kwenye pembe ya Ukumbi, Ngwali nyuma yake amebeba virago kama alivyoahidi. Alikuwa mwembamba. Alimtazama dada yake, akautazama mkeka uliopinduliwa, akamtazama tena dada yake, na Mize, aliyekuwa hajalia kwa usiku mia na kumi, alilia pale pale, kwa sauti, bila kuficha uso.

"Chungu kiko wapi?" Vuai akasema.

Chungu kiliinjikwa. Magome, mizizi na chumvi vilikuwa vimehifadhiwa. Mize hakuwa amegusa chochote chake. Jua lilikuwa limeanza kwenda chini. Vuai alishika miyaa mikavu juu ya maji yanayochemka, akavuta pumzi, akakunja midomo, akazamisha. Hewa tupu ikatoka. Akajaribu tena, hewa tupu, na miyaa ilikuwa imeshaingia. Alimgeukia dada yake, macho yamemtoka.

Mize hakujua kupiga mluzi. Lakini alikuwa amesuka miaka thelathini huku wimbo ule ukimpitia sikioni, na alijua unakokwenda. Akaanza kuuimba puani, bila maneno. Vuai akamfuata. Pale pengo lilipokula sauti yake dada alijaza, na pale dada alipokosea yeye alisahihisha, na wimbo ukatoka mpana na wa taratibu kuliko ulivyokuwa. Ulipokwisha, akatoa miyaa.

Ilikuwa nyekundu, nyekundu ya ndani kabisa ya tunda la fuu, iliyokaribia weusi.

"Imeiva zaidi," Vuai akasema. "Siku ile isingekuwa hivi."

"Siku ile imepita," Mize akamjibu. Akaketi chini, akakaza ncha ya miyaa kwa kidole gumba cha mguu, akaanza kusuka, rangi mbichi ikimchuruzika viganjani.

Ngwali aliinama karibu naye. "Na kigoda, dada? Nani atakaa?"

"Kigoda kitangoja kesho. Leo nina kazi."

Jua likagusa paa za nyumba. Mize akatia uzi kwenye sindano ya mfupa, akaunganisha ukili mwekundu na manjano iliyopauka, mshono mmoja, tangu ncha hadi ncha. Kisha akaanza kupiga mafundo, na mtu mmoja akahesabu kwa sauti, wa pili akaitikia, hadi uwanja mzima ulikuwa ukihesabu pamoja naye, Raya na mumewe, Ngwali kwa sauti ya juu kuliko wote, Vuai kwa pengo lake, na nyuma kabisa Shaame mchonga miko, aliyekuwa akijifunza upya: ishirini na tatu, ishirini na nne, ishirini na tano, ishirini na sita.